Tashtiti za Kilatini: Kitabu Gani Ununue, na kwa Nini Uanze na Pambizo

Malalamiko ninayoletewa na wasomaji kuhusu vitabu vya Juvenal, mshairi wa Roma aliyeandika tashtiti, yaani mashairi ya kejeli, yanafanana sana. Mtu amesikia maneno "panem et circenses", mkate na michezo, akaambiwa yamo katika Tashtiti ya 10, mshororo wa 81. Anaagiza kitabu ng'ambo, anakisubiri majuma kadhaa, anakilipia posta na ushuru. Akikifungua anakuta nathari ya Kiingereza imejaa ukurasa mzima, bila namba hata moja pembeni. Mshororo wa 81 uko wapi? Hakuna anayeweza kumwambia. Jina la mfasiri halipo, mwaka wa tafsiri haupo, na muuzaji hajibu ujumbe.

Ndiyo maana hapa sitazungumzia jalada, ukubwa wa herufi wala rangi ya karatasi. Naangalia pambizo. Kila mtu anayeandika juu ya washairi wa tashtiti wa Roma, tangu mwalimu wa seminari hadi mtunzi wa kamusi ya Kilatini, hukuelekeza kwa namba ya shairi na namba ya mshororo. Kitabu kisicho na namba hizo hakikuwezeshi kufuata mjadala wowote. Lakini kubwa zaidi ni hili: namba ndizo zinazofichua kitabu kilichokatwa, na ni washairi wachache wa Roma waliokatwakatwa na wahariri kama Juvenal.

Juvenal aliandika mwanzoni mwa karne ya 2 na akatuachia tashtiti 16. Toleo mashuhuri la John Mayor, la karne ya 19, lina 13 tu: ya 2, ya 6 na ya 9 hazimo. Toleo la J. D. Duff la mwaka 1898 lina 14, bila ya 2 na ya 9. Mashairi hayo yanataja mambo ya chumbani waziwazi, na wahariri wale walikuwa wakiwaandalia wanafunzi. Maelezo ya Mayor yangali hazina kwa mtaalamu, na yeye mwenyewe aliandika 13 kwenye jina la kitabu chake, kwa hiyo hakumdanganya mtu. Anayedanganya ni muuzaji wa leo anayechapa upya vitabu vya zamani na kuviita "kamili". Tashtiti ya 6 peke yake ina mishororo zaidi ya 650, ndiyo ndefu kuliko zote, na humo ndimo lilimo swali linalonukuliwa kila pembe ya dunia, la nani atakayewalinda walinzi wenyewe. Liko mshororo wa 347 na 348. Ukiuziwa Juvenal asiye na ya 6, umeuziwa kitabu kilichonyofolewa moyo.

Kabla hujalipa, mwombe muuzaji picha za kurasa chache. Fungua 3.164, yaani Tashtiti ya 3, mshororo wa 164, utafute malalamiko kwamba watu wenye vipaji hawainuki kwa sababu ya ufinyu wa mali nyumbani. Fungua 10.356, utafute akili timamu katika mwili wenye afya. Kisha nenda 6.365. Mwaka 1899 mwanafunzi wa Oxford aitwaye E. O. Winstedt alikuta katika hati moja ya maktaba ya Bodleian mishororo 36 ambayo haimo katika hati nyingine: 34 baada ya 6.365 na miwili baada ya 6.373. Wataalamu wamebishana kama kweli ni ya Juvenal, lakini toleo zuri huiweka mahali pake na kuipa namba zake za pekee, zikianza na herufi O. Muuzaji akikataa kutuma picha, achana naye. Na usimlaumu mtu ukiona Tashtiti ya 16 inakatika ghafla kwenye mshororo wa 60. Ndivyo ilivyotufikia.

Nafasi ya kwanza naipa Loeb, tena bila kusitasita. Mfululizo huu ulianzishwa mwaka 1911 na James Loeb, na sasa unatolewa na Harvard University Press. Vitabu vya Kilatini vina jalada jekundu, vya Kigiriki kijani. Ukurasa wa kushoto ni Kilatini chenye namba, wa kulia ni Kiingereza. Unachotaka ni namba 91, Juvenal pamoja na Persius, tafsiri ya Susanna Morton Braund ya mwaka 2004. Tafsiri ni ya nathari, haifichi tusi wala haipambi, na kila ukisita unatupa jicho kushoto na kuona mshairi mwenyewe alisemaje. Kwangu mimi hakuna kitabu kingine kinachomheshimu msomaji kiasi hiki.

Tahadhari yake ni moja na nataka uishike. Namba 91 hiyohiyo, jekundu hilohilo, ilikuwa kwanza tafsiri ya G. G. Ramsay ya mwaka 1918. Kiingereza chake kimechakaa, tena kinapitia mbali pale Juvenal anapotukana. Nakala za Ramsay zinauzwa kwa bei ya Braund na wauzaji wanaoandika "Loeb 91" bila jina la mfasiri. Usikubali. Ramsay anapatikana bure kwenye intaneti, kwa hiyo mtu akikutoza bei ya kitabu kipya kwa kazi hiyo anakunyonya.

Persius, anayekaa naye jalada moja, hununuliwa kwa bahati tu, na hilo linaniuma. Alizaliwa Volterra mwaka 34, akafa mwaka 62 kabla hajafikisha miaka 28. Tashtiti zake sita zina mishororo 650 kwa jumla. Mwalimu wake Cornutus alizipitia, na rafiki yake Caesius Bassus akazitoa. Ni mshairi mgumu, anayebana maneno mpaka yanalia, na bila Kilatini pembeni utapotea. Mishororo 14 ya utangulizi ina mizani tofauti na hesabu yake yenyewe, na wahariri wengine huiweka mwisho. Toleo lisiloitenga huvuruga namba za shairi la kwanza lote.

Nafasi ya pili ni ya Niall Rudd, kwa anayetaka Kiingereza peke yake. Juvenal wake yuko Oxford World's Classics, mwaka 1991, na maelezo ni ya William Barr. Horace, mshairi mwingine wa tashtiti wa Roma, na Persius wamefasiriwa naye katika kitabu kimoja cha wachapishaji wa Penguin, na humo unapata pia barua za kishairi za Horace. Rudd anafuata Kilatini kwa karibu sana, kwa hiyo ukiambiwa nenda 3.223 unafika bila kuhangaika. Na hapo nenda kweli. Umbricius, anayeihama Roma kwenda Cumae, anamweleza rafiki yake kwamba kodi ya chumba chenye giza kwa mwaka mmoja ingemnunulia nyumba nzuri Sora au Frusino. Anasimulia majengo yaliyoegemezwa magogo na moto unaoanzia chini huku mpangaji wa juu hana habari. Aliyepanga ghorofani Nairobi atasoma ukurasa huo mara mbili.

Ya tatu ni Loeb namba 194, Horace wa H. Rushton Fairclough, mwaka 1926. Kiingereza chake ni cha zamani, lakini namba ni imara na hakuna shairi lililoachwa: 10 katika kitabu cha kwanza, cha mnamo mwaka 35 kabla ya Kristo, na 8 katika cha pili, cha miaka mitano baadaye. Kisa cha panya wa mjini na wa shamba kiko 2.6, yaani shairi la 6 la kitabu cha pili.

Peter Green wa Penguin, aliyetoka kwanza mwaka 1967, namweka wa nne. Ana sauti kali na maelezo mengi ya Roma ya Kaizari Domitian. Ukimchukua, chukua chapa iliyorekebishwa ya 1998.

Vya bei ya chini: vingi ni tafsiri ya mwaka 1693 yenye jina la John Dryden, ya vina viwiliviwili, ambayo namba zake haziwezi kulingana na Kilatini. Dryden mwenyewe alifasiri tashtiti tano tu za Juvenal, ya 1, 3, 6, 10 na 16, pamoja na Persius wote. Tashtiti nyingine zilifasiriwa na watu ambao wauzaji hawawataji. Tafsiri hiyo ipo bure kwenye intaneti. Usitoe hela.

Kuhusu bei nina uchungu. Loeb moja mpya ni karibu dola 30 kabla haijapanda ndege, na nauli ya kuileta Mombasa au Dar es Salaam inaweza kukaribia bei ya kitabu chenyewe. Kenya nayo, kwa sheria ya mwaka 2013, iliviingiza vitabu kwenye VAT ya asilimia 16. Mwanafunzi anayejifunza Kilatini kwa juhudi zake anabaki na kile kitabu kisicho na jina la mfasiri kwa sababu ndicho anachokimudu, na wauzaji wanalijua hilo. Kuandika "toleo kamili" juu ya kitabu kilichokosa mashairi matatu ni wizi, hata kama kinauzwa bei ya chai. Agizeni watu watatu au wanne kwa kifurushi kimoja, mgawane nauli.

Akibaki Lucilius, aliyewatangulia wote na ambaye Horace anamtaja kama mwanzilishi, yuko Loeb namba 329, kazi ya E. H. Warmington ya mwaka 1938. Vitabu vyake 30 vimebaki vipande, jumla mishororo kama 1,300. Hapa uwe macho: Warmington ana hesabu yake, ilhali vitabu vingi vinafuata ile ya Friedrich Marx ya mwaka 1904 na 1905. Ukiona kipande cha Lucilius kimetajwa kwa namba, tafuta kwanza kama pembeni pana jina la Marx au la Warmington.