Betri kavu ya NS60L katika baridi ya Mbeya: tathmini baada ya kuifunga nyumbani

Betri ninayoitathmini hapa ni betri kavu ya volti 12, yaani iliyofungwa na isiyohitaji kuongezwa maji, ya ukubwa ambao wauzaji wa vipuri wa Mwanjelwa na Kabwe huuita NS60L, na ambao juu ya kifuniko umeandikwa 46B24L kwa utaratibu wa Kijapani. Niliinunua kwa ajili ya Toyota ndogo yenye injini ya lita 1.5, nikaifunga mwenyewe nyumbani Uyole, na imekwisha kupita msimu mzima wa baridi ikiwa kazini. Nimeridhika nayo. Hata hivyo, kuridhika huko kumetokana zaidi na namna betri ilivyochaguliwa na kupimwa dukani kuliko jina lililobandikwa ubavuni mwake, na hilo ndilo ambalo ningependa mnunuzi wa Mbeya, Iringa, Njombe au Makete alizingatie kabla hajatoa fedha yake.

Huku kwetu betri hupata mateso ya aina mbili. Mwezi Juni na Julai alfajiri za Mbeya hushuka chini ya nyuzijoto 10, na ukipanda Kitulo au ukiingia Makete utakuta umande umeganda juu ya majani. Betri ya risasi na asidi huzalisha umeme kwa mmenyuko wa kikemikali, na mmenyuko huo huzorota kadiri baridi inavyozidi, kiasi kwamba katika nyuzi 0 betri hupungukiwa na takribani theluthi moja ya nguvu zake za kuwashia injini. Wakati huohuo oili imekuwa nzito na stata inadai umeme mwingi kuliko mchana. Wengi hapa wamezoea kuweka oili nzito ya 20W-50 hata katika injini ndogo ambayo kitabu chake kinaelekeza 5W-30, kisha wanailaumu betri asubuhi. Lakini kinachoiua betri hasa ni joto. Gari linaloteremka Kyela au kuzunguka katika mashamba ya mpunga ya Mbarali huchosha betri yake huko bondeni, ambako joto huharakisha ulikaji wa ndani na ukaukaji wa maji, na ugonjwa huo hujitokeza siku dereva amerudi Uyole na kulala na baridi.

Kabla ya kununua chochote, nilitaka kuhakikisha kwamba betri ya zamani ndiyo yenye kosa. Mita ndogo ya kupimia volti, inayouzwa katika maduka mengi ya vifaa vya umeme, inatosha kwa kazi hii. Gari likiwa limelala usiku kucha, betri nzima iliyojaa husoma kati ya volti 12.6 na 12.7, ikisoma 12.4 imebakiwa na robo tatu hivi ya chaji, na ikisoma 12.2 imebaki nusu. Kipimo cha pili, ambacho wengi hukiruka, hufanywa wakati mtu mwingine anazungusha ufunguo: betri iliyochajiwa vizuri ikishuka chini ya volti 9.6 wakati stata inazunguka, betri hiyo imechoka. Cha tatu ni cha alteneta, ambayo injini ikiwaka inapaswa kupeleka betrini kati ya volti 13.8 na 14.5 hivi. Yangu ilifaulu kipimo cha tatu na kuanguka cha pili, kwa hiyo nilikwenda dukani nikiwa na hakika.

Hapa niseme jambo moja kwa mkazo. Baadhi ya mafundi wetu hupima alteneta kwa kuchomoa waya wa betri injini ikiwa inawaka, na gari lisipozimika wanatangaza kwamba alteneta ni nzima. Katika magari ya zamani huenda desturi hiyo haikuleta madhara makubwa, lakini katika gari lenye kompyuta umeme huruka ghafla kupita kiasi pale waya unapochomolewa, na unaweza kuunguza kompyuta hiyo au alteneta yenyewe. Mwenye gari ana haki ya kukataa, tena bila kuona haya.

Kuhusu ukubwa, maandishi ya 46B24L yanasomeka hivi: namba ya kwanza hueleza daraja la nguvu, herufi B hueleza upana na kimo, 24 ni urefu kwa sentimita, na herufi ya mwisho, ambayo inaweza kuwa L au R, hueleza kichwa chanya kimekaa upande gani. Herufi hiyo ya mwisho haifai kupuuzwa, kwa sababu waya za gari hukatwa kwa urefu unaotosha upande mmoja tu, na mtu aliyenunua R badala ya L hujikuta akivuta waya kwa nguvu au, vibaya zaidi, akibandika waya wa chanya kwenye kichwa hasi. Kuna pia jambo la unene wa vichwa. Betri za kundi la B huja na vichwa vyembamba, isipokuwa zile zilizoongezwa herufi S mwishoni, ambazo zina vichwa vinene. Ukinunua yenye vichwa vyembamba kwa gari lenye vibano vikubwa, kibano kitazunguka hata ukikaza nati mpaka mwisho, na muuzaji atakupa kipande cha bati cha kuziba pengo. Usikubali bati hilo. Muunganiko uliolegea hupata moto na huzuia chaji kuingia, na baada ya miezi kadhaa utaambiwa betri imekufa.

Ikiwa sehemu ya kukalia betri ina nafasi, nguvu ya kuzidi kidogo ni faida huku nyanda za juu. Wajapani wenyewe hufunga betri kubwa zaidi katika magari wanayoyatengeneza kwa ajili ya mikoa yao ya baridi, na gari lisilo la aina hiyo likiletwa Mbeya huwa na betri iliyokadiriwa kwa hali ya hewa nyingine. Kwenye betri nyingi utakuta pia herufi CCA pamoja na namba; namba hiyo hueleza ampea ambazo betri inaweza kutoa kwa sekunde 30 katika baridi ya nyuzi 18 chini ya sifuri. Kati ya betri mbili zenye umbo lilelile, ningechukua yenye CCA kubwa.

Duka la kwanza nililoingia lilikuwa na betri za kuvutia, zilizopangwa mpaka darini, lakini nilipoomba kupima ile niliyoelekezwa, mita ilisoma 12.2. Muuzaji alinihakikishia kwamba "itajichaji yenyewe barabarani". Betri hata isipotumika hujipunguza chaji polepole, na ikiachwa muda mrefu katika hali ya nusu, fuwele za salfeti huganda juu ya bamba za risasi na sehemu ya uwezo wake hairudi tena. Kwa maneno mengine, betri inayoitwa mpya inaweza kuwa imeanza kuzeeka ikiwa rafuni. Nilimshukuru nikaondoka. Duka la pili lilikuwa dogo, ndani ndani huko Mwanjelwa, na mwenye duka alitoa mita yake kabla sijasema lolote. Betri ilisoma volti 12.65. Alinionyesha tarehe iliyogongwa kwenye kifuniko, akaniandikia dhamana na kunipa risiti ya EFD yenye tarehe ya mauzo, ambayo ndiyo ushahidi pekee utakaokusaidia ukirudi kudai. Kwa huduma hiyo namsifu bila kusita.

Wengi wameniuliza kwa nini sikununua betri ya maji, ambayo ilikuwa nafuu kwa karibu theluthi moja. Betri ya maji ni chombo kizuri kwa mwenye lori au daladala ambaye fundi wake hufungua vifuniko mara kwa mara na kuongeza maji safi ya betri pale yanapopungua. Hudumu inapotunzwa. Tatizo ni kwamba wengi wetu hatuitunzi, na pale tunapoikumbuka, kijana wa gereji humimina asidi badala ya maji. Kinachopotea kwa joto na kuchajiwa ni maji peke yake. Asidi imebaki mle ndani, na kuongeza nyingine ni kuzidisha ukali unaokula bamba. Kwa gari dogo la familia linaloingia gereji mara chache, betri kavu ni uamuzi wa busara, na tofauti ya bei hurudi kwa njia ya usumbufu uliouepuka.

Kuifunga nyumbani hakukuhitaji zaidi ya spana namba 10, glavu, miwani ya kukinga macho na kitambaa. Nilizima gari, nikatoa ufunguo, nikafungua boneti na kusubiri kidogo. Waya wa hasi hutangulia kutoka, kwa sababu bodi yote ya gari imeunganishwa nao, na spana ikigusa bodi wakati unafungua chanya huku hasi bado ipo, cheche itakayotokea inaweza kukuunguza mkono au kulipua hewa ya haidrojeni inayotoka kwenye betri. Kwa sababu hiyohiyo sigara haikaribii hapo. Vichwa vya betri ya zamani vilikuwa vimeota unga wa kijani na mweupe, mgumu kama chumvi iliyokaukia chunguni. Nilikoroga magadi tunayopikia maharage katika maji ya moto, nikamimina kidogo kidogo juu ya vibano vya waya. Ule unga ulitoa povu, ukalainika, ukaachia, na chini yake risasi ikaonekana na rangi yake ya kijivu. Nilisuuza, nikakausha kabisa, nikasugua ndani ya vibano kwa msasa mwembamba.

Betri hii ina uzito unaozidi kilo 10, kwa hiyo iinue kwa kukunja magoti wala si kwa mgongo, na isimamishwe wima muda wote. Baada ya kuikalisha, nilirudisha kwanza chuma cha kuishikilia, kisha chanya, na hasi mwishoni. Chuma hicho ndicho ambacho magari mengi ya hapa hayana tena, kwa kuwa kilipotea gereji na pengo likazibwa kwa mpira wa baiskeli. Kwa barabara zetu za vijijini, kuanzia zile za Chunya hadi za milima ya Uporoto, mtikisiko hukatakata bamba za ndani, na betri iliyofungwa kwa mpira haifiki mwisho wa umri wake. Kibano kikikataa kushuka hadi chini, kitanuliwe kwa bisibisi, maana kukigonga kwa nyundo hupasua mzizi wa kichwa ndani ya kifuniko. Grisi hupakwa juu baada ya nati kukazwa.

Umeme unapokatika, gari husahau baadhi ya mambo. Saa ilirudi mwanzo, na injini ilinguruma bila utulivu kwa muda hadi kompyuta ilipojirekebisha. Baadhi ya redio zilizokuja na magari ya Japani hujifunga kabisa na kudai namba ya siri au diski yake, kwa hiyo mwenye redio ya aina hiyo ajiandae kabla hajagusa waya.

Tangu hapo injini imewaka kwa mzunguko wa kwanza wa ufunguo hata asubuhi ambazo kioo cha mbele kimefunikwa na umande wa baridi kali. Nikiipima baada ya usiku mzima inasoma 12.6. Kasoro zake ninazoziona ni mbili. Lile jicho la kijani juu ya kifuniko, linaloonyesha hali ya chaji, linaaminiwa kuliko linavyostahili: linatazama seli moja tu kati ya sita, hivyo linaweza kubaki kijani huku seli nyingine imekufa. Pia maelezo yaliyoambatana nayo hayana hata sentensi moja ya Kiswahili, jambo ambalo waagizaji wanaouza katika nchi hii wanapaswa kulirekebisha, hasa kwa bidhaa yenye asidi ndani yake.

Betri ya zamani niliirudisha kwa muuzaji naye akapunguza bei. Ninaomba kila mtu afanye hivyo. Risasi ni sumu inayodhuru ubongo wa mtoto hata kwa kiasi kidogo, na bado watu humwaga asidi mtaroni na kuvunja betri uani ili wauze risasi kwa wanunuzi wa chuma chakavu, mahali ambapo kuku na watoto hucheza.

Mwenye gari la mseto, yaani la petroli na umeme, asinunue betri hii kwa kuangalia ukubwa pekee. Katika mengi ya magari hayo betri ya volti 12 hukaa kwenye buti, ndani ya nafasi ya abiria, na huhitaji aina maalumu yenye mrija wa kutolea hewa nje. Vilevile magari yanayojizima yenyewe kwenye foleni na kuwaka tena hudai betri iliyotengenezwa kwa kuwasha mara nyingi, na betri ya kawaida kama hii ikifungwa humo huchoka mapema.