Kuku wa kienyeji Iringa mjini: chakula safi, ila nina neno kuhusu magoti

Wiki iliyopita nilikuwa Iringa, natokea Kalenga kwenye makumbusho ya Chifu Mkwawa, njaa inauma na kale kabaridi ka mwezi wa saba kanaingia mpaka kwenye mifupa, nikaelekezwa mgahawa mmoja pale mjini, jina sitaji. Kuku wa kienyeji wa kuchemsha, ugali wa moto, mboga ya mnafu imeungwa na karanga, elfu nane tu. Jamani ule mnafu!

Sasa kilichofanya niandike. Dada alikuja kuninawisha akapiga magoti, sio kuinama, magoti chini kabisa kwenye simenti, "kamwene mama, karibu", salamu ya Wahehe wa Iringa, kasauti kembamba, macho kwenye beseni. Mi mtu wa Tanga, kwetu binti anafundwa mengi ila hili la kumpigia mteja magoti sikuwahi kuliona, nikataka kumnyanyua. Meza ya pili kaka ananawisha watu kasimama wima, jagi mkono mmoja, na hakuna anayemshangaa.

Baadae naenda chooni, napita jikoni, namkuta dada yuleyule kabeba kiroba cha mkaa begani anamfokea bodaboda kwa sauti nzito, sauti yake mwenyewe sasa. Nikamuuliza, "mdogo wangu, we Mhehe?" Akacheka, "hapana dada, mi wa Singida, magoti nimefundishwa hapahapa, na sauti pia, bosi alikuwa ananirudisha mlangoni niseme karibu upya mpaka nikapatia". Wiki ya kwanza alimwagia mteja maji kwenye viatu maana kupiga goti na jagi mkononi sio mchezo. Saa hizi magoti yameota sugu, alinionyesha.

Nikamkumbuka bibi yangu Pangani na kofi lake la paja kila nikikaa mkekani vibaya, kaka zangu pembeni wamejitandaza wala hawaambiwi kitu. Mpaka leo nakaa miguu upande hata nikiwa peke yangu chumbani, na miaka yote nilijua nimezaliwa hivyo.

Heshima ya watu wa Iringa naipenda sana, sisemi waiache, kusalimiwa kule unajisikia mtu kweli. Ila kama goti ndio heshima basi na yule kaka afundwe, la sivyo dada atafutiwe kigoda, ile simenti ni ya baridi mno.

Nyota nne, ya tano naiweka siku nikikuta kigoda. Mkienda wahini kabla ya saa saba, kuku wanaisha.