Kisanduku cha kujifunzia elektroniki: vifaa safi, kijitabu kimenitoa jasho

Mimi ni fundi cherehani, mikono yangu imezoea sindano, ndiyo maana nilidhani kuchomeka vimiguu vya rezista (kijidude kinachopunguza mkondo wa umeme) kwenye bredibodi (ubao wa matundu wa kuunganishia vifaa bila kulehemu) itakuwa kazi ya dakika tano. Wiki nzima imeisha.

Vifaa sina ugomvi navyo. Matundu ya bredibodi yanashika waya barabara, na betri ya volti 9 inadumu. LED moja, yaani kitaa kidogo, niliiunguza kwa kuibandika kwenye betri bila rezista, ila hilo kijitabu kilionya, mkaidi ni mimi.

Sasa kijitabu chenyewe. Kinafundisha kusoma rezista zenye mistari minne ya rangi inayotaja thamani yake, wa mwisho dhahabu. Zilizomo kwenye kisanduku ni za buluu, zina mistari mitano! Nilitafuta ya omu 330 (omu ni kipimo cha ukinzani wa umeme) mpaka macho yakauma. Kila niliyoshika nilisoma kahawia, nyeusi, nyeusi, chungwa, chungwa: omu laki moja. Nikakata shauri kwamba kiwandani wamesahau kuziweka. Jirani akaniazima multimita, kifaa cha kupimia umeme, ikaandika 329. Kumbe ndizo zenyewe, nilikuwa nazisoma kinyumenyume, kama mteja aliyevaa shati nje ndani.

Baya zaidi ni ile njia ya umeme ya pembeni mwa bredibodi. Mstari wake mwekundu umekatika katikati kwa mwanya mdogo, na hapo umeme hauvuki. Kijitabu kimya. IC yangu ya 555, chipu ya kupepesesha taa, ilikaa upande wa pili, nami nikabadilisha betri, nikageuza LED, nikapanga upya kila kitu, siku mbili. Multimita nikaiweka kwenye kipimo cha mlio, kinacholia njia ikiwa haijakatika, ncha moja huku, nyingine kule: kimya. Vipande viwili vya waya juu ya mwanya, chanya na hasi, taa ikaanza kupepesa.

Hapo ndipo utamu ulipo. Nilichomoa kapasita (kijidude kinachohifadhi chaji ya umeme) ya mikrofaradi 10, nikaweka ya 100, na taa iliyokuwa ikipepesa haraka ikawa inawaka na kuzima taratibu, kama mtu anayesinzia. Nilibaki naitazama tu, suruali ya mteja inanisubiri kwenye mashine.

Nawapa nyota tatu. Ya nne wangeipata kwa kupunguza LED nyekundu, zimejaa arobaini mle, wakaweka multimita hata ya hali ya chini. Ya jirani imeshadaiwa mara mbili.