Uzoefu wangu na mzani wa kukanyaga wa mama na mtoto

Mi ni nesi wa zahanati huku Njombe, na miaka yote kliniki yetu ilikuwa na ule mzani wa kuning'iniza tu, wenye uso kama wa saa, mwisho kilo 25, unafungwa kwenye boriti afu mtoto anavalishwa ile suruali ya kupimia anabaki ananing'inia. Aliyewahi kuutumia anajua. Mtoto akianza kulia na kurusha miguu mshale unacheza huku na huku, we unavizia utulie, foleni ya kina mama imefika nje, mwisho unaandika nane na nusu kwenye kadi maana ndo ilikuwa karibu karibu.

Sasa tuna huu wa kidijitali wa kukanyaga. Mama anapanda peke yake, kilo zake zinatokea, unabonyeza kitufe namba inarudi sifuri yeye akiwa bado juu, hapo hapo unampa mtoto ambebe na kioo kinasoma kilo za mtoto peke yake, hamna cha kutoa hesabu kichwani. Kelele nazo zimepungua kwakweli, kubebwa na mama hakuna mtoto anayekuogopa.

Ila kilichonifanya niupende hasa ni wagonjwa. Analetwa mtoto ana malaria kali, hajitambui, na sindano ya artesunate inapigwa kwa uzito, chini ya kilo 20 ni miligramu 3 kwa kila kilo, kuanzia 20 ni 2.4. Zamani ilikuwa mama, mtoto ana kilo ngapi, naye anataja za kliniki ya mwisho ambayo unakuta ni mwaka jana, au tunakadiria kwa umri wakati watoto wa umri mmoja wanapishana kilo kibao. Mtoto wa hivyo utamning'inizaje? Sasa mama anapanda, anapewa mwanae, kilo tunazo kabla hata dawa haijachanganywa.

Kasoro zipo. Unataka sakafu iliyonyooka na ngumu, yetu ina mabonde, ukiuweka karibu na mlango unasoma vingine na ukiuweka karibu na dirisha vingine, ikabidi tuutafutie sehemu moja tukaichora kwa chaki na haruhusiwi mtu kuuhamisha, hata anayedeki anajua. Betri zikichoka unazima katikati ya foleni, weka za akiba. Afu msiuamini tu kwa vile una namba zinazowaka, sisi kila asubuhi kabla ya kuanza tunapandisha jiwe la mzani la kilo 5, kama lile la dukani, ukisoma tofauti hatupimi mtu mpaka tujue kulikoni.

Kitu kingine ambacho mzani wowote hautakusaidia ni nguo. Huku mwezi wa sita na wa saba baridi inauma, mtoto anakuja na masweta mawili, koti, kofia, viatu, ukisema mvue unaambiwa "nesi, mwanangu si atapata nimonia jamani". Namwelewa, lakini dawa ya mseto ya malaria chini ya kilo 15 ni kidonge kimoja kila mara anapomeza, ikifika 15 ni viwili, so koti na viatu tu vinaweza kumvusha mtoto wa 14 na ushee akapewa dozi isiyo yake. Na kwenye kadi mstari unapanda vizuri kumbe kilichopanda ni sweta, likija joto anaonekana kapungua, mama wa watu anaanza kusemwa halishi mtoto. Dawa yake ni chumba kupashwa joto mapema kabla ya kuanza kupima, watu wanavua bila ugomvi.

Kwa hayo naupa nyota nne. Ya tano nimeizuia sababu ya vichanga. Huu wa kwetu unasoma kwa gramu 100 100, na kichanga wa kilo 3 anaweza kupungua hadi kama gramu 300 siku za mwanzo na bado tukasema ni kawaida, sasa hapo mzani una hatua tatu tu za kukuonyesha, mama akitikisika kidogo moja imeshapotea. Kichanga anataka ule mdogo wa kumlaza unaosoma gramu 10. Kama zahanati yenu inazalisha, ombeni yote miwili kwa mpigo, ukiomba mmoja wa pili utausubiri sana.