Nyota mbili zilizoishinda mia kwa mia: uzoefu wangu wa kukagua Pokémon wa vita

Nacheza Pokémon GO, gemu ya simu ya kukamata na kupiganisha viumbe waitwao Pokémon, tangu mwaka ilipotoka, 2016, na kwa muda mrefu niliamini kumjua Pokémon mzuri wa vita ni kazi ya sekunde tano. Unamfungua, unagusa menyu ya chini, unachagua ukaguzi, kiongozi wa timu yako anatokea na nyota zake. Nyota tatu, anabaki. Nyota chache, anapelekwa kwa profesa, yaani namwachia moja kwa moja, na mimi napata pipi yangu moja ya kukuzia wa jamii yake. Nilifanya hivyo miaka mingi bila kusita, na wengi niliowaachia wakati ule leo ningewatafuta kwa taa.

Nianze na sifa, maana kifaa chenyewe nakipenda. Kila Pokémon ana takwimu za jamii yake, ambazo wenzake wote wa jamii hiyo wanazo sawasawa, halafu ana nyongeza yake mwenyewe ya kuzaliwa: namba kati ya 0 na 15 kwa shambulizi, nyingine kwa ulinzi, nyingine kwa uhai. Hizo ndizo wachezaji wanaita IV. Zamani kiongozi alikuwa anasema maneno tu, kwamba huyu ni wa ajabu, huyu ni wa kawaida, na sisi tunabaki kubahatisha. Tangu 2019 tuna mistari mitatu iliyogawanywa vipande, kila kipande pointi tano, na ukitulia unaisoma namba kamili kwa macho. Zikijumlishwa, kilele ni 45. Ukifika 37 unapata nyota tatu, 30 hadi 36 nyota mbili, 23 hadi 29 moja, chini ya hapo hakuna nyota. Mwenye 45 zote anapewa nyota tatu zenye rangi yake ya pekee, na huyo ndiye tunayemwita mia kwa mia. Ukaguzi huu ni wazi, ni wa haraka, na haudanganyi. Nilikosea mimi kwa kuuliza swali moja na kudhani nimejibiwa jingine.

Azumarill ndiye aliyenifumbua macho. Nilikuwa naye wa 15/15/15, namba zote tatu zimejaa, na nilimjenga kwa Great League, ile ligi ya vita kati ya wachezaji ambayo hakuna Pokémon anayeruhusiwa kuzidi CP 1500, CP ikiwa namba ya jumla ya nguvu zake. Nilimwaga vumbi la nyota, lile la kumpandishia Pokémon levo, hadi akafika levo 36, CP 1497. Mdogo wangu naye alikuwa na Azumarill wa nyota mbili, 0/15/15, yaani shambulizi sifuri kabisa. Alipoanza kumpandisha nilimwambia anapoteza vumbi. Akanijibu, "Kaka, subiri tupigane kwanza."

Tukapigana. Mapigo yaleyale, ngao mbili kila mmoja za kuzuia mapigo makubwa, Azumarill kwa Azumarill. Nikashindwa. Tukarudia, nikashindwa tena, na kila mara wa kwake alibaki na kiasi kilekile kidogo cha uhai huku wangu ameanguka. Nilikaa na kalamu nikapiga hesabu, na hesabu hiyo naiweka hapa kwa sababu imenifundisha kuliko nyota zote.

Wangu, akiwa levo 36, ana shambulizi la takriban 97.5, ulinzi 128.2, uhai 184. Wa mdogo wangu, kwa kuwa hana nyongeza ya shambulizi, CP yake inapanda polepole, kwa hiyo aliweza kumfikisha levo 45.5 akiwa bado kwenye CP 1499. Huko juu ana shambulizi 91.6, ulinzi 136.6, uhai 196. Sasa angalia. Maumivu ya pigo yanategemea shambulizi la anayepiga likigawanywa kwa ulinzi wa anayepigwa. Mimi nikimpiga: 97.5 kwa 136.6, inakuja kama 0.714. Yeye akinipiga: 91.6 kwa 128.2, inakuja kama 0.715. Ni kitu kimoja! Shambulizi langu lote la ziada lilimezwa na ulinzi wake, tukawa tunaumizana sawasawa, na yeye ana pointi 12 za uhai ambazo mimi sina. Nilichobaki nacho ni faida moja: tukibonyeza pigo la kuchaji, lile kubwa linalosubiri nishati ijae, kwa wakati mmoja, mwenye shambulizi kubwa hutangulia. Faida hiyo ipo na siidharau, mara nyingine inaamua mchezo. Lakini hainirudishii zile 12.

Sababu iko ndani ya CP yenyewe. Kanuni yake inachukua shambulizi zima zima, ila ulinzi na uhai inavichukua kwa kipeuo cha pili. Kwa hiyo kila pointi ya shambulizi inakula nafasi kubwa ya CP, na pointi za ulinzi na uhai zinaingia kwa bei nafuu. Penye dari ya 1500, au 2500 kwa Ultra League, mwenye shambulizi dogo anapata levo za bure. Pasipo dari, kule Master League, hesabu inageuka: hapo 15/15/15 ndiye bora kweli, na nyota za kiongozi zinasema unachohitaji kusikia.

Nikiwa hapohapo kwenye CP, niseme kwamba namba hiyo kubwa juu ya kichwa cha Pokémon ndiyo inayowapoteza wageni kuliko kitu kingine chochote. Slaking akijazwa kila kitu kwenye levo 40 anafika CP 4431. Mewtwo, kwenye levo hiyohiyo na namba zote zimejaa, ni 4178. Ukifuata CP utamchukua Slaking. Lakini Slaking anaingia vitani na Yawn kama pigo lake la haraka, na Yawn haiumizi hata kidogo. Anapiga miayo tu huku anachapwa. CP haijui pigo gani Pokémon amebeba, haijui aina yake, haijui atakutana na nani.

Na ukaguzi wa nyota nao haujui hayo. Hapa ndipo kwangu unapopungukiwa. Unapima mzaliwa ni mzuri kiasi gani ukilinganisha na wenzake wa jamii moja, basi. Ningependa sana siku moja kiongozi aniulize kwanza: unamtaka wa ligi ipi, au wa reidi? Halafu ndipo atoe nyota.

Kwa upande wa reidi, yaani vita vya wachezaji pamoja dhidi ya Pokémon mmoja mwenye nguvu, nitaje namba chache uone uzito wa kila kitu. Machamp ana shambulizi la jamii 234. Akiwa na 15 kamili anakuwa 249, ongezeko la kama asilimia 6 juu ya ndugu yake mwenye sifuri. Pigo la aina sawa na yake, kwa mfano Counter, linamwongezea asilimia 20, wakati Bullet Punch, ambalo si la aina yake, halimwongezei kitu. Kumpiga adui kwa aina anayoiogopa kunaongeza asilimia 60. Na Machamp wa Kivuli, yule anayeokolewa kutoka mikononi mwa genge la wabaya la Team GO Rocket, shambulizi lake linazidishwa kwa 1.2, kwa hiyo hata akiwa na sifuri anafika karibu 281, mbali sana na ile 249 ya mia kwa mia. Ni kweli ulinzi wake unashuka na anaumia zaidi, lakini kwenye reidi, ambako saa inakimbia na kinachotafutwa ni kuumiza haraka, mimi namchukua wa Kivuli bila kufikiri mara mbili. Cha ajabu CP yake haionyeshi nguvu hiyo hata kidogo.

Kuna mtego hapo ambao uliniuma. Ukimtakasa Pokémon wa Kivuli, kila IV yake inapanda kwa 2. Mwenye 13/13/13 anatoka akiwa 15/15/15, rangi inabadilika, moyo unafurahi. Nilimtakasa Machamp wa namna hiyo, nikampiga picha kabisa. Niliuza ile asilimia 20 kwa asilimia isiyofika moja, na mwenyewe nilikuwa nashangilia. Akishatakaswa harudi tena kuwa wa Kivuli, kwa hiyo kabla ya kubonyeza jiulize kama unamtaka wa ligi au wa reidi.

Sasa namna ninavyokagua siku hizi. Sifungui mmojammoja tena. Kisanduku cha kutafuta kwenye hifadhi kinaelewa IV, na hiki kwangu ndicho kifaa bora kuliko nyota zenyewe, ingawa wachezaji wengi hawajawahi kukigusa. Mimi gemu yangu iko kwa Kiingereza, kwa hiyo naandika 0-1attack&3-4defense&3-4hp. Namba hizo si pointi, ni madaraja: 0 ni sifuri tupu, 1 ni pointi 1 hadi 5, 2 ni 6 hadi 10, 3 ni 11 hadi 14, na 4 ni 15 kamili. Maana yake naita wote wenye shambulizi dogo na ulinzi na uhai wa juu. Wanaotokea ndio wagombea wangu wa Great League na Ultra League, na karibu wote wana nyota mbili au moja. Ndio walewale niliokuwa nawapeleka kwa profesa.

Halafu angalia alikotoka, kwa sababu chanzo kinaweka sakafu. Aliyepatikana kwenye reidi ya kawaida, aliyeanguliwa kwenye yai au aliyetolewa kama zawadi ya utafiti hashuki chini ya 10 popote. Kwa Master League hiyo ni neema: nafasi ya kupata mia kwa mia ni 1 kati ya 216, wakati wa porini ni 1 kati ya 4096. Kwa Great League ni kikwazo, maana shambulizi lake halitashuka chini ya 10 hata umkamate mara mia. Hata wa porini, hali ya hewa ikimwongezea nguvu, anaanzia 4. Dawa ni kubadilishana Pokémon na rafiki wa ndani ya gemu, kwa kuwa IV zinapigwa kura upya. Na hapa urafiki unafanya kazi kinyume na ulivyozoea: rafiki wa daraja la Best Friend anaweka sakafu ya 5, aliyeanza urafiki juzi anaweka 1, na bahati ya Lucky, ile ya nadra inayotokea mnapobadilishana, inaweka 12. Mimi na mdogo wangu tuko kwenye daraja hilo la Best Friend, kwa hiyo kwa ajili ya ligi ndogo kubadilishana naye kumeacha kunisaidia. Natafuta marafiki wapya.

Nimejaribu pia programu za nje za kupiga hesabu. Zinazokupa nafasi ya Pokémon wako kati ya michanganyiko yote 4096 kwa ligi fulani ni msaada wa kweli, mradi unaandika IV mwenyewe. Moja niliyokuwa nayo, iliyosoma kutoka picha ya skrini, ilimkosea levo Pokémon wangu nikampandisha hatua moja kupita kiasi. CP 1504. Hakuna kitufe cha kumshusha, na kwa Great League amekwisha. Tangu hapo nahesabu mistari kwa macho yangu, na ninapokaribia dari nasoma CP mpya kabla ya kila hatua, maana kila hatua ni nusu levo.

Onyo la gharama. Kumpeleka Pokémon kutoka levo 40 hadi 50 kunataka vumbi la nyota 250,000 na pipi za XL, zile adimu za kuvukia levo 40, 296. Azumarill wa 0/15/15 ni wa njia hiyo, anaishia 45.5. Kama huna pipi za XL, kuna njia ya kati nzuri sana: Azumarill wa 8/15/15 anatua kwenye CP 1500 kamili akiwa levo 40, bila pipi hata moja ya XL. Kwa anayeanza ningemwelekeza huko kabla ya kingine chochote. Na wapo wengine, kama Swampert, ambao tofauti kati ya 15/15/15 na 0/15/15 ndani ya dari ya 1500 ni pointi tatu tu za uhai na kama tatu za ulinzi. Kwa hao ukiwa na huyo wa nyota tatu mtumie, usisubiri.

Kwa hiyo nikiupa ukaguzi wa gemu alama, naupa 4 kati ya 5 kwa Master League na kwa kukusanya, na 2 kati ya 5 kwa ligi zenye dari. Kisanduku cha kutafuta nakipa 5.

Yule Azumarill wangu wa 15/15/15 bado ninaye. Lakini ninayetembea naye sasa ni Marill mdogo, yule anayebadilika kuwa Azumarill, wa 1/15/14, nyota mbili, niliyemkuta kwa utafutaji ule akiwa amekaa hifadhini muda mrefu bila mimi kumtazama. Kutembea naye kunaleta pipi, mara chache kunaleta ya XL, na pipi za kawaida nazibadilisha mia kwa moja. Mdogo wangu ameshaniambia anamsubiri.