Seti ya tatuu ya wanaoanza: mashine chukueni, sindano tupeni

Mimi ni kinyozi hapa Nsambya, Kampala. Wateja wangu wengi ni Wakongo wenzangu, na haipiti wiki bila mmoja kuniuliza kama nachora tatuu. Basi mwezi wa Machi nikashuka mjini, kwenye maduka ya vifaa vya saluni upande wa Kikuubo, nikanunua seti ya wanaoanza kwa shilingi 180,000. Ndani mna mashine ya rotari, yaani ya mota, yenye umbo la kalamu, adapta, kartriji 20 (vichwa vya kuchomeka vyenye sindano ndani), chupa 7 za wino na karatasi 2 za ngozi bandia ya silikoni. Nimeitumia miezi mitatu, kila jioni nikishafunga saluni.

Mashine ni nzuri. Mimi hushika mashine za kunyolea kutwa nzima, kwa hiyo mkono wangu unajua: hii haitetemeki sana, haipati moto upesi, na kwenye volti 7 inapiga mstari safi.

Ngozi bandia imenifundisha kina. Sindano inatakiwa iingie milimita 1 hadi 2 tu, wino ukae kwenye tabaka la ndani la ngozi. Ukiishia juu, wino unabambuka na ngozi. Ukizamisha, unasambaa pembeni na mstari unafifia kama uliomwagiwa maji. Wiki tatu nilichora mistari iliyonyooka peke yake, kisha miduara, ndipo nikaingia kwenye herufi. Lakini silikoni ni ngumu kuliko mtu, haivutiki, haitoi damu. Kwa hiyo niliongeza machungwa, maana chungwa ukilizamishia sindano linatoa maji papo hapo na unajua umekosea. Nikaenda na kwa muuza nguruwe kumwomba vipande vya ngozi. Hapo ndipo mkono wa kushoto ulipojifunza kazi yake ya kuvuta ngozi ikaze.

Sindano ndizo zilizonikasirisha. Pakiti nyingi hazina tarehe ya mwisho wala alama ya kuonyesha kwamba zimetakaswa. Mbili zilikuwa zimechanika. Moja nilipoikuza kwa kamera ya simu niliona ncha imepinda. Na kartriji hazina utando ndani wa kuzuia wino usirudi: ulirudi nyuma ukaingia kwenye mashine. Ingekuwa kwa mtu, ingerudi damu pamoja na wino, na mteja wa pili angeikuta humo. Chupa za wino hazisemi nani kautengeneza.

Nilimrudia muuzaji. Akaniambia, "Ssebo (bwana), wewe pangusa na spiriti tu." Neno hilo liliniuma, kwa sababu miaka yote nami nimekuwa nikipangusa mashine zangu kwa spiriti nikiamini nimemaliza. Kwa sindano haitoshi. Virusi vya homa ya ini aina ya B huweza kubaki hai siku 7 juu ya kitu kikavu, bila doa lolote la damu kuonekana. Hiyo ina chanjo, dozi 3: ya pili baada ya mwezi, ya tatu miezi sita baada ya ile ya kwanza. Nimeshachoma mbili. Aina ya C haina chanjo kabisa.

Kijana ninayefanya naye kazi ananibembeleza kila jioni: "Yaya (kaka kwetu Kongo), anzia kwangu." Nimemkatalia. Kisogoni ana makovu ya wembe yaliyovimba, na ngozi inayofura hivyo kwa wembe inaweza kufura kwa sindano pia.

Mashine naipa nyota 4, ngozi bandia 3, sindano na wino sifuri. Nimenunua kartriji nyingine, zenye utando na tarehe kwenye kila pakiti. Zile za kwanza nazimalizia kwenye machungwa nikiwa na glavu, kisha zinaingia kwenye jerikeni gumu lenye kifuniko. Dozi yangu ya tatu ni Septemba. Nikishaichoma, nitatafuta mchoraji mzoefu anikalishe pembeni yake nimtazame akifanya kazi, na kijana wangu atangoja.