Vitabu vya Stephen Bourne: watu weusi kwenye televisheni ya Uingereza tangu siku ya kwanza

Ndugu watazamaji, karibuni. Leo nina vitabu viwili vya Stephen Bourne, mwanahistoria wa London. Hiki kinene ni Black in the British Frame, kilichotoka mara ya kwanza 1998. Hiki chembamba ni Aunt Esther's Story, cha 1991.

Tuanze na kinene. BBC ilizindua televisheni yake Novemba 2, 1936, pale Alexandra Palace. Siku hiyohiyo wakaonekana Buck and Bubbles, Wamarekani weusi wawili, mmoja kwenye piano, mwenzake akicheza dansi. Siku ya kwanza kabisa! Mbona basi wengi wetu hatukuwahi kuambiwa? Kwa sababu vipindi vya wakati ule vilirushwa moja kwa moja bila kurekodiwa. Mtu aliimba, taa zikazimwa, yakaisha. Na hata kanda zilipokuja, BBC ilizifuta nyingi ili izitumie tena.

Ndiyo maana namheshimu sana Bourne. Picha hakuna, kwa hiyo aliwafuata wenyewe wangali hai, akakaa nao, akawasikiliza. Yumo Pauline Henriques, mzaliwa wa Jamaika, aliyeigiza kwenye televisheni 1946, mwaka uleule BBC iliporudisha picha hewani baada ya vita. Yumo Cy Grant, na huyu msimpite haraka. Alitoka Guyana, akawa mwanajeshi wa anga wa Uingereza, ndege yao ikadunguliwa 1943, akakaa mateka wa Wajerumani hadi vita vilipokwisha. Akasomea sheria, akafuzu, kazi ya uwakili akaikosa. Akashika gitaa. Kuanzia 1957 Waingereza wakawa wanamwona kwenye kipindi cha Tonight akiimba habari za siku kwa kalipso, muziki wa Karibi. Alipendwa mno, lakini akaondoka mwenyewe, maana hakutaka kubaki mwimba kalipso tu machoni pa watu.

Kuna pia Paul Robeson, mwimbaji na mwigizaji mweusi wa Marekani, ambaye sisi tuna sababu ya kumjua: alisoma Kiswahili London miaka ya 1930. Kwenye filamu yake ya 1935, Sanders of the River, Jomo Kenyatta alipewa nafasi ndogo. Filamu yenyewe iliutukuza ukoloni, na Robeson baadaye aliikana.

Kasoro ninayoiona ni kwamba kitabu kinakwenda mtu mmojammoja. Unawajua wasanii vizuri, lakini wakubwa waliokaa ofisini wakiamua nani aajiriwe na nani aachwe, hao huwaoni vya kutosha. Mimi ningetaka kurasa nyingi zaidi juu yao.

Sasa hiki chembamba. Esther Bruce alikuwa fundi cherehani, mwanamke mweusi aliyezaliwa London 1912. Wakati wa vita alifiwa na baba yake, bibi mzaa bibi wa Bourne akamchukua kama mwanawe, hivyo Bourne amekua akimwita shangazi. Yeye alisimulia, Bourne akaandika. Na miaka ya 1930 huyu shangazi alimshonea magauni Elisabeth Welch, mwimbaji mweusi ambaye utamkuta kwenye kile kitabu kinene! Mmoja mbele ya kamera, mwingine kwenye cherehani, na mwandishi amewapa wote heshima ileile.

Mwenye fedha ya kimoja anunue kinene, toleo la 2001. Cha shangazi Esther kiulizieni maktaba au kwa wauza vitabu vya mitumba. Ni kifupi, hakichoshi, na mwanafunzi wa uandishi wa habari atajifunza humo namna ya kumhoji mzee wa nyumbani kwake.